Dhambi ya Kubahatisha

Mtu akinijia na tabasamu asubuhi mapema, mimi huuliza kwanza anataka nini. Ndivyo nilivyo, na sioni haya. Mume wangu, Maalim Ramzy, alikuwa kinyume changu kabisa. Yeye ukimwambia mvua inanyesha, anachukua mwavuli bila hata kuchungulia nje. Sasa watu wa namna hiyo wawili wakae nyumba moja hapa Makina, Kibera, walee binti mmoja mwenye akili kuwashinda wote wawili! Huyo binti ni Hanan, na habari hii ni ya baba yake zaidi kuliko yake.

Maalim alikuwa fundi wa cherehani mchana na mwalimu wa chuo jioni. Nikisema chuo nasema madrasa, pale watoto wetu wanapojifunza Kurani. Kibanda chake cha ushonaji kilikuwa Laini Saba, kando ya reli, na kazi yake kubwa ilikuwa yunifomu za shule. Alishona sketi, alishona kaptura, alishona kola za watoto wa Kibera nzima, na yeye mwenyewe hakuwahi kuvaa yunifomu maishani mwake.

Sababu ilikuwa ya zamani. Babu yake alikuwa askari wa Kinubi, wale walioletwa na Waingereza, wakapewa kipande hiki kilipokuwa bado msitu. Kaka mkubwa wa baba yake alipelekwa shule ya misheni akiwa anaitwa Feruzi, akatoka huko anaitwa Fransisi. Hakurudi tena kwenye jina lake, wala nyumbani. Tangu siku hiyo ukoo mzima ukasema basi. Ramzy akasomeshwa Kurani peke yake, akaihifadhi yote kichwani, akapelekwa Lamu kuongezewa ilimu, akarudi amekonda na amejaa adabu. Kiarabu alikisoma vizuri, Kiswahili alikisoma polepole akifuata kwa kidole, na Kiingereza hakukijua hata cha kuombea maji.

Mimi, Zeinabu, nilifika darasa la nne. Ningefika mbali, wallahi, lakini nilichaguliwa kuwa malaika kwenye mchezo wa Krismasi. Nikashonewa mabawa ya neti ya mbu. Nilivyoyapenda yale mabawa! Mjinga mimi, nikarudi nyumbani nimeyavaa ili majirani wayaone. Baba yangu hakunipiga. Alinivua mabawa taratibu, akayakunja, akasema kuanzia kesho nitabaki nyumbani nimsaidie mama mandazi. Nililia wiki nzima, na hata leo nikikumbuka nakasirika, ila sijui nimkasirikie nani.

Kwa hiyo juu ya Hanan nilikuwa nimegawanyika katikati. Nilitaka asome mpaka vitabu viishe. Na kila jioni aliporudi nilimkagua kuanzia kichwani mpaka miguuni nione kama bado ni wangu.

Mwaka huo wa tisini na sita Hanan alikuwa darasa la nane. Alitaka kuitwa shule kubwa ya wasichana, ya bweni, ile inayotoa madaktari. Hapa kwetu hapakuwa na daktari hata mmoja wa kike mwenye jina kama letu. Lakini neno la mwisho lilikuwa la Ami Fadlalla, mwenyekiti wa kamati ya chuo, ndugu ya baba yake Ramzy, aliyemlea Ramzy tangu akiwa yatima. Ami alituita akatuambia bila kuzunguka: "Akiitwa hiyo shule kubwa, nitamsindikiza mimi mwenyewe mpaka getini. Asipoitwa, arudi chuoni afundishe watoto wadogo, na habari ya sekondari kwa wasichana wetu tusiisikie tena." Kwa wasichana wetu, sio kwa Hanan pekee. Nyuma yake kulikuwa na watoto wa watu wengine, na wote walikuwa wanamwangalia yeye.

Sasa ndipo akaja Mwalimu Wanzala.

Alikuwa mtu wa Busia, mrefu, mwenye koti la kijivu, mwalimu wa darasa la Hanan. Zamani alikuwa mpangaji hapahapa Kibera, Soweto West, lakini baada ya vurugu za mwaka uliotangulia, za wapangaji na sisi wenye nyumba, alihamia Kawangware, mtaa unaoitwa Kongo. Jeraha lilikuwa bado bichi. Alipokanyaga uani kwangu nilimtazama mikono kwanza, kisha uso.

"Hamjambo hapa? Maalim yuko?"

"Yuko. Kuna nini?"

Maalim, masikini, alikuwa ameshamvutia kiti.

Mwalimu akaeleza. Katika mtihani wa darasa la nane kuna karatasi moja yenye sehemu ya dini, na mtoto huchagua mwenyewe, maswali ya Ukristo au maswali ya Uislamu. Shuleni kulikuwa na mwalimu wa Ukristo, wa Uislamu hakuna. "Kipindi cha dini kikifika," akasema, "watoto wenu wanatumwa kumwagilia sukuma wiki ya shule. Halafu siku ya mtihani wanafanya nini? Wanachora vistari kwenye visanduku vya majibu popote tu. Njoo uwafundishe, Maalim. Mara moja kwa wiki. Mimi nitakaa nyuma nikusaidie kwa Kiingereza, maana mtihani ni wa Kiingereza."

"Na wewe unapata nini?" nikauliza.

Maalim akanitolea macho. Wanzala akacheka. "Mama Hanan, nikuambie ukweli? Wastani wa darasa langu unaangushwa na hiyo sehemu. Hedimistresi ananila kichwa kila muhula."

Hapo nikatulia kidogo. Angesema anafanya kwa mapenzi yake kwa Waislamu ningemfukuza. Wastani nauelewa.

Kwenye kamati moto uliwaka. Ami Fadlalla alisema leo wanakuita ukafundishe, kesho watakuambia ufundishe nini, na kesho kutwa atakuwa ameketi padri kwenye kiti chako. Wengine wakasema wanataka majina ya watoto wetu. Ya nini, hakuna aliyejua, lakini wote tuliogopa. Mimi niliyekuwa nimekaa nyuma ya pazia na akina mama nilitikisa kichwa kukubaliana na kila neno.

Maalim akangoja wamalize. "Ami," akasema, "hivi sasa wanamwagilia sukuma wiki."

Siku ya kipindi ikafika. Akaenda.

Walimpa stoo ya jikoni, katikati ya magunia ya mahindi. Watoto wetu wakakaa juu ya magunia, Wanzala nyuma karibu na mlango. Maalim alifundisha alivyozoea chuoni, watoto wote wanasoma kwa sauti ya juu pamoja, mpaka walimu wa madarasa ya jirani wakaja kuuliza kuna msiba gani. Lakini watoto walimpenda. Alikuwa na mtindo wake mmoja, wa chuoni, ambao mimi niliujua tangu nilipoolewa. Akimwuliza mtoto swali, na mtoto akarusha jibu huku macho yanatangatanga, Maalim anainua kidole.

"Unajua, au unadhani?"

"Nadhani, Maalim."

"Basi sema Allahu aalam. Mungu ndiye ajuaye. Maneno yake hayabahatishwi. Atakayesema juu ya Mungu jambo asilolijua, amemzulia."

Na mtoto anasema Allahu aalam, na haadhibiwi, na wote wanaendelea. Chuoni kwake kusema sijui haikuwa aibu. Aibu ilikuwa kujifanya unajua.

Neno likaenea mtaani. Rosebella, mpangaji wangu, Mluhya mwenzake Wanzala, alikuja kunigongea mlango amefura. Binti yake Bridgit alikuwa akijipenyeza kwenye ile stoo kwa sababu kulikuwa na kelele na kicheko. Sasa ameulizwa nani kavunja kikombe, akajibu, "Allahu aalam."

"Mama Hanan, mnanigeuzia mtoto?"

"Mimi nimemwita? Mfunge kamba basi!"

"Mnaanza hivyo hivyo, pole pole."

"Ala! Na nyinyi mlianza vipi na Feruzi?" Hakujua Feruzi ni nani, na sikumweleza. Tulinuniana mpaka ukuta wa bati katikati yetu ukawa kama umeongezwa unene. Ndivyo tulivyoishi hapa miaka ile, kila mmoja akimchungulia mwenzake kwenye tundu la bati, na kila mmoja akiona alichotaka kukiona.

Basi muhula wa pili ukaja mtihani wa moku, ule wa kujipima kabla ya wenyewe. Hesabu, Hanan wa kwanza. Sayansi, wa kwanza. Kiswahili, wa pili, na aliyemshinda alimshinda kwa insha tu. Tulipofika kwenye ile karatasi yenye dini, akaanguka. Sio yeye tu. Watoto wetu wote waliofundishwa stooni walianguka, tena chini ya pale walipokuwa wakimwagilia sukuma wiki!

Maalim alikuwa kibandani, kwa hiyo mimi na Ami ndio tuliokwenda shuleni. Hedimistresi, Bi Mbula, Mkamba mmoja mwenye miwani na sauti ya kuamuru, hakutukaribisha kiti.

"Mmewaambia watoto wagome?"

"Wagome nini?"

"Karatasi zina mapengo. Sehemu ya dini wameacha wazi kila mahali. Na mmoja ameandika Kiarabu pembeni. Ni maneno gani hayo? Ya kupinga serikali?"

Ami alisimama na bakora yake. Akasema hakuna mtoto wetu aliyeambiwa agome, na kama kuna mapengo, basi kuna aliyeyafanya mapengo. Akaniangalia. Nikamwelewa mara moja, maana wazo lilikuwa limeshaingia kichwani mwangu kabla hajamaliza kusema.

Majibu huandikwa kwa penseli. Penseli hufutika. Nani asiyejua? Na karatasi zilikuwa mikononi mwa nani kabla hazijasahihishwa? Mwa Wanzala! Wastani, wastani, kumbe mtego! Alitutoa chuoni kwetu, akatuweka kwenye stoo, akaketi nyuma na kutusikiliza, halafu akachukua raba akafuta. Ili iweje? Ili iandikwe kwamba Waislamu walipewa mwalimu wao na bado hawawezi. Nilikuwa na hakika. Nilikuwa na hakika hata usingizi haukunijia.

Jumamosi nikamwambia Maalim, "Twende Kongo." Alikataa. Nikafunga leso kiunoni. Akakubali.

Tulikwenda kwa miguu, yeye, mimi na Hanan, tukapita Ngong Road, Dagoretti Corner, mpaka Kawangware. Hanan alitembea nyuma yetu njia nzima. Nilidhani ni uchungu.

Wanzala alikuwa nje ya chumba chake anafua, mikono imejaa povu. Mke wake, Immaculate, alituwekea viti na chai palepale. Mimi sikuinywa. Nilikitazama kile kikombe nikajiuliza asubuhi kimeoshwa pamoja na sufuria ya nyama gani. Maalim akanywa yake yote na kusema asante.

"Mwalimu," nikaanza, "sisi sio watoto. Nani aliyefuta majibu ya binti yangu?"

Wanzala akabaki na shati linalochuruzika mkononi. "Kufuta?"

"Umenisikia."

"Mama Hanan, mimi ndiye ninayetukanwa na Bi Mbula kwa ajili ya hayo mapengo! Mimi ndiye niliyedhani Maalim amewaambia wanikomoe!" Akamgeukia mume wangu. "Ulinikubalia kwa mdomo, Maalim, moyoni ulikuwa na yako. Si ndiyo? Sema tu. Baada ya yale ya mwaka jana ningekuelewa."

Maalim akasema, "Mimi?" Mtu ambaye hajawahi kumshuku mtu, siku akishukiwa yeye, huwa hana hata pa kuanzia.

Nikainuka. Sauti yangu ilikuwa imeshapanda, majirani wa Kongo wameanza kutoka milangoni. Ndipo Hanan akasema, "Mama, keti."

"Unaniambia mimi niketi?"

"Mwalimu hakufuta. Niliacha mwenyewe."

Tukamgeukia wote.

"Baba alisema tusibahatishe maneno ya Mungu. Maswali mengine niliyajua, nikachora. Mengine nilikuwa nadhani tu. Nikayaacha. Wenzangu pia, tuliambizana kabla ya kuingia. Na yale maandishi ya Kiarabu ni ya Sauda. Aliandika Allahu aalam, ili msahihishaji asidhani ni mvivu."

Immaculate akaziba mdomo kwa leso. Wanzala akalitupa shati karaini.

"Hanan! Jibu ni A, B, C au D. Liko mojawapo hapo! Ukichora lolote hupotezi kitu! Mbona kwenye hesabu hukuacha hata moja?"

"Kwenye hesabu nilibahatisha mawili, Mwalimu." Alisema bila kiburi, kama mtu anayeeleza mahali chumvi ilipo. "Hesabu si maneno ya Mungu."

Maalim alikuwa ameinamisha kichwa. Nilidhani amekasirika, kumbe ana haya. Alimwomba Wanzala msamaha, na Wanzala akamwomba yeye, na mimi sikumwomba mtu. Hakufuta, sawa. Lakini si ndiye aliyetuita huko? Asingetuita, haya yote yasingekuwapo. Nilirudi nyumbani na shuku zangu zimepungua uzito, hazijaisha.

Sasa ndani ya nyumba yetu ndimo vita vilimohamia.

"Mwambie mtoto achore," nikamwambia Maalim. "Siku ya mtihani wenyewe, asiache pengo. Neno moja tu kutoka kwako."

"Nimwambie amzulie Mungu?"

"Ni mtihani, Baba Hanan! Si mimbari! Nasikia hata anayesahihisha si mtu, ni mashine."

"Mashine haijui dini," akasema. "Mtoto anaijua."

"Mimi walinitoa shule kwa mabawa ya neti. Huyu anatolewa kwa nini? Kwa visanduku ambavyo hakuvichora?" Nililia, sikuficha. Nilimwambia kwamba anaipenda dini yake kuliko anavyompenda binti yake, jambo ambalo si kweli na nililijua si kweli nikilisema. Alikwenda akakaa kwenye cherehani, akashona mshono ambao tayari ulikuwa umeshonwa.

Akaenda kwa Ami kutaka ushauri. Ami akasema, "Aache wazi. Mungu atajaza." Nilimwangalia yule mzee nikashuku kwamba shule kubwa haikuwa ikimnyima usingizi hata kidogo, na kwamba mapengo ya Hanan yalimfaa sana. Simsemi vibaya, ameshatangulia mbele ya haki. Lakini nilishuku.

Wanzala naye akaja na lake. "Maalim, si lazima useme abahatishe. Mwambie achore kile anachoona kiko karibu na kweli."

Na mimi, mimi niliyekuwa nalia kila siku nikitaka mtoto abahatishe, niliposikia Mkristo anasema hivyo nikawaka moto. Anatufundisha namna ya kucheza na dini yetu! Nikamwambia aondoke, kipindi kinamngoja. Maalim alinitazama, kisha akacheka, kicheko cha pekee nilichokisikia miezi ile.

Aliendelea kwenda stooni. Alifundisha kwa bidii kuliko mwanzo, maana aliona njia moja tu ya kutoka, watoto wajue kila kitu, pasibaki cha kudhania. Alimsomesha Hanan nyumbani mpaka mtoto akawa anataja majina ya maswahaba akipepeta mchele. Wanzala alimletea mitihani ya miaka ya nyuma, Hanan akamtafsiria baba yake, baba akajibu, binti akaandika. Kuna maswali Maalim mwenyewe aliyasikiliza, akafikiri, akasema Allahu aalam. Hayo ndiyo yaliyonitia baridi. Kama yeye hajui, huyu wa miaka kumi na nne atajuaje?

Ikafika Novemba, ikafika siku ya ile karatasi. Hanan alivaa yunifomu aliyoshonewa na baba yake, akafunga mtandio mweupe, akachukua penseli zake. Mimi nilimwombea dua jikoni. Maalim alimfuata mpaka mlangoni, mimi nyuma yao.

"Hanan."

"Naam, baba."

"Leo ukifika mahali hujui, chora. Usiache wazi hata mahali pamoja."

Mtoto akamtazama kama hamjui. "Lakini baba, wewe ulisema..."

"Nilisema. Na nilichosema ni kweli, hakijabadilika." Sauti yake ilikuwa nzito, mkono wake uko juu ya kichwa cha binti yake. "Dhambi yake si yako. Ni yangu. Nimeichukua mimi, mbele ya mama yako. Wewe chora."

Nilitaka siku zote aseme hivyo. Aliposema, nilishika fremu ya mlango. Hakwenda kibandani siku hiyo. Alikwenda msikitini, akakaa huko mpaka alasiri.

Jioni Hanan alikuja jikoni bado na yunifomu. Akanisogelea karibu na jiko, akaniuliza kwa sauti ndogo, "Mama, mke wa mwisho kuolewa na Mtume alikuwa nani?"

"Mimi nitajuaje? Muulize baba yako."

"Hapana. Usimwambie nimeuliza." Akaenda kuvua viatu.

Baada ya mtihani ule, Maalim aliacha chuo. Aliwakabidhi watoto kwa Ami, akasema mtu aliyemwamuru mtoto aseme juu ya Mungu asilolijua hana haki ya kusimama mbele ya watoto akawainulia kidole. Ami hakumbembeleza. Maalim akawa anafunga Jumatatu na Alhamisi, anashona, anaswali, analala. Watoto walipita kibandani kumwuliza, "Maalim, utarudi lini?" Anawajibu Allahu aalam, na wao wanacheka, wakidhani ni mzaha. Mimi nilikuwa nikimtazama anavyopungua, na kwa mara ya kwanza nilijiuliza kama nilimshinda au nilimvunja.

Matokeo yakaja. Hanan akaitwa ile shule kubwa.

Hapa Makina hapajawahi kupigwa vigelegele vile. Ami alikuja na kanzu mpya akasema yeye ni mtu wa ahadi. Wanzala alikuja kutoka Kongo na Immaculate, na sukari mkononi. Hata Rosebella alisimama kwenye mlango wetu akasema hongera, nikamwambia karibu. Akina mama wenye wasichana wadogo walikuwa wakimshika Hanan mikono, wakimtazama usoni kama wanatafuta njia.

Watu walipoondoka tukabaki sisi watatu. Nilikuwa nimesimama na birika. Maalim alikuwa ameketi mkekani, amekonda, na furaha yake ilikuwa imesimama nusu njia, haithubutu kutoka. Akamwita binti yake akae mbele yake.

"Hanan, sasa niambie. Yalikuwa mangapi?"

"Mangapi nini, baba?"

"Maswali uliyochora bila kujua. Niambie idadi, ili nijue ninatubia nini. Nimekuwa nikitubia gizani."

Hanan akamtazama baba yake machoni.

"Hakuna, baba. Yote niliyajua. Ulinifundisha yote."

Maalim alifumba macho. Kisha akainama palepale, paji la uso mkekani, akasujudu sijida ya shukrani, na mabega yake yakawa yanatikisika. Nilimsikia akisema alhamdulillahi, alhamdulillahi, na kati ya machozi akasema kesho atarudi chuoni.

Hanan akaniangalia juu ya mgongo wa baba yake. Alikuwa amemdanganya bila kupepesa jicho, mtoto ambaye hakuweza kuchora kisanduku kwa kudhani. Sijui alijifunza wapi, shuleni au chuoni. Mdomo wangu ulikuwa umeshafunguka, maana mimi neno likinijia halingoji.

Nikamwambia alete vikombe.